Nilivyokwenda Sydney Kumkatalia Dereva wa Mashindano

Mmeniuliza sokoni, mmeniuliza nje ya kanisa, mmeniuliza hata msibani, mahali ambapo mtu hatakiwi kucheka, na mkacheka. Nimechoka kusimulia vipande vipande, maana kila mmoja anakwenda na kipande chake nyumbani anakitia chumvi. Jana nimesikia eti nilikamatwa Australia kwa kupigana na mbwa. Sikupigana naye. Shule yangu mnaijua, darasa la nne, na hilo la nne lenyewe sikulimaliza, kwa hiyo herufi zikienda kombo zifuateni hukohuko.

Nilichoendea ni kimoja. Neema, mjukuu wangu niliyemlea mwenyewe tangu mama yake alipofariki, alipata mchumba huko Sydney. Kijana wa kizungu, Danieli. Neema akamwambia kijana wake, mimi sina baba, sina mama, nina bibi, na bila bibi kusema ndiyo hakuna harusi. Nawaambia, nilipolisikia hilo kwenye simu nilitembea mtaa mzima nikilirudia kwa watu hata wasioniuliza.

Basi nikaenda kupokea posa.

Muheza hadi Uarabuni

Ndege ya kwanza ilichelewa Dar es Salaam kwa sababu ya ndege. Nasema kweli. Kiti cha mbele yangu alikuwa amekaa kozi, yule mwewe wa kuwindia, amevalishwa kofia ya ngozi imemziba macho, na mwenyewe Mwarabu pembeni yake ameshika kamba. Kumbe kozi ana kiti chake, amekatiwa tiketi! Akaja bwana mmoja mnene akasema hicho kiti ni cha kwake. Mwarabu akasema ni cha ndege. Wahudumu wakaja, wakaangalia makaratasi ya bwana, wakaangalia makaratasi ya kozi. Sisi wote tumefunga mikanda, jasho linatutoka.

Mwisho yule bwana ndiye aliyehamishwa. Kozi akabaki.

Mimi nimefuga kuku tangu sijaolewa na sijawahi kuona kuku akimshinda mtu kesi. Chakula kilipoletwa nikamwangalia huyo ndege nione kama atapewa wali. Hakupewa. Hapo roho yangu ikatulia kidogo.

Uarabuni hadi Sydney

Ndege ya pili nilikaa na mama mmoja Mkongomani aliyekuwa anarudi Sydney kwa wanawe. Kila tulipotikiswa alinishika mkono akaomba kwa sauti, nami nikaitikia amina, hata watu wa nyuma wakaanza kuitikia bila kujua tunaombea nini. Chakula chao ni kidogo kama cha mwanasesere: kipande cha kuku, kipande cha jibini, na mkate mgumu ambao ungeweza kuuwekea mlango usifungwe na upepo. Tukala na korosho zangu.

Nikamuuliza, watu wa huko wakoje?

"Batu ya kule iko bazuri, mama," akasema. "Lakini banasema neno moja tu. Akisema ndiyo, ni ndiyo. Akisema hapana, anaenda kulala."

Nikacheka. Nikadhani ananipa utani wa safari.

Sydney tulishuka asubuhi, mwili wangu ukiwa bado angani. Hapo ndipo habari ya mbwa. Alikuwa mbwa mdogo, mzuri, amevaa kikoti, akatembea katikati yetu kama mkaguzi wa shule. Alipofika kwangu akaketi. Nikamwambia toka, akanitazama tu. Nikasogea, akasogea, akaketi tena. Ndipo nikakumbuka nguru mkavu wa Tanga niliyemfunga kwenye kanga ndani ya begi. Nikamwambia askari wake, "Mbwa wako ana njaa, mpe chai."

Wakafungua begi. Mwanamke mmoja akavaa glavu, akamtoa nguru wangu kwa vidole viwili kama anatoa nepi. Ubuyu nao ukaenda, na mbegu za mchicha. Sikupiga kelele. Nilisema tu kama hamnipi basi mleni nyinyi, nikamwonyesha kwa mikono namna ya kumloweka, kukuna nazi, kukamua tui, kutia ndimu. Mwanamke akanisikiliza kwa heshima kabisa, akaitikia kwa kichwa mpaka mwisho wa mapishi, kisha akamtupa kwenye pipa.

Nguru wa Tanga, kwenye pipa! Neema aliponikumbatia nje alidhani nalia kwa kumwona yeye. Sikumsahihisha.

Macquarie Fields, posa

Neema anaishi Macquarie Fields, mbali na mjini, kwenye nyumba za serikali zilizopangwa kama mikate. Anafanya kazi ya kulea wazee wa watu kwenye nyumba yao ya kutunzwa. Nje ya dirisha kuna ndege ambaye kazi yake ni kucheka. Anacheka kama shangazi mlevi, alfajiri, hakuna aliyesema kitu. Yupo na mwingine mweusi na mweupe ambaye siku hizo alikuwa na makinda, anashuka anakudonoa utosini, na watu wazima wanapita chini yake wamejifunika kichwa kwa ndoo. Nikasema nchi hii ndege ndio wenyeji, hawa wengine wamepanga.

Jirani wa Neema ni Mama Wambui, Mkenya, nesi. Neema alimwomba awe mkalimani, maana binti anayeposwa hawezi kujitafsiria posa yake mwenyewe. Anakaa chumbani, mlango umefungwa.

Jumapili wakaja. Danieli mrefu, mwekundu masikioni, na babu yake aliyemlea, Mzee Roni. Hapo nikampenda Danieli kidogo, maana naye kalelewa na mkongwe kama Neema. Mzee Roni amepita miaka themanini, kidole kimoja hana, na masikio yameliwa na injini. Ukimwambia kitu lazima upige yowe. Kwa hiyo posa yetu iliendeshwa kwa mayowe, na mtaa mzima wa Macquarie Fields ulihudhuria kupitia madirishani.

Nikasema kama ada inavyotaka: mzee, tueleze ukoo wenu, nyinyi ni kina nani, mmefanya nini duniani?

Mama Wambui akapiga yowe. Mzee Roni akafikiri sana, akaanza na gari.

"Shosh," Mama Wambui akaniambia, ndivyo kwao wanavyomwita bibi, "huyu anaanza na gari."

"Mwache. Wengine huanza na ng'ombe."

Akasema alipokuwa kijana alikuwa fundi, na mashindano ya magari ya kawaida yalikuwa ndiyo kwanza yanaanza huko. Hawakuwa na gari la mashindano. Unachukua teksi iliyokufa, unatoa vioo vyote, unachomelea milango isifunguke, unaingia kwa dirishani kama mwizi. Chuma cha kuzuia paa lisikubonde alikitengeneza kwa mabomba ya maji, na yalipopungua akakata kitanda cha mama yake. Mama yake akalala chini mpaka msimu wa mashindano ulipokwisha.

Akasema siku moja usukani ulimng'okea mkononi katikati ya kona. Akautupa nje, akaishika ile nondo iliyobaki kwa koleo, akamaliza mbio. Akasema rejeta ikivuja walikuwa wanavunjia mayai ndani. Mimi nikamwambia marehemu mume wangu, aliyekuwa utingo wa lori, tangi likivuja aliziba kwa sabuni ya mche. Mzee Roni alipotafsiriwa hilo alinyanyuka akanipa mkono. Tukashikana mikono kwa ajili ya sabuni.

"Na ulishinda mara ngapi?" nikauliza.

"Mara moja," Mama Wambui akatafsiri. "Anasema wenzake wote waligongana. Yeye pia akapinduka, gari likateleza kwa paa, magurudumu juu, likavuka mstari hivyo hivyo. Wakampa kombe akiwa bado ananing'inia kwa mkanda."

Nikacheka mpaka kilemba kikalegea. Moyoni nikasema huyu mzee ni wetu, ametoka Muheza akapotea njia.

Kisha akakaa wima, akasema alilojia: wanamwomba Neema.

Sasa hapa mnaelewa, lakini naandika kwa ajili ya watoto wenu waliosahau. Kwetu, posa ya kwanza haipewi jibu tamu. Binti anayetolewa siku ya kwanza wataulizana ana kasoro gani. Mposaji hupewa maneno makali, anaondoka nayo, na akiwa mwanamume wa kweli anarudi. Mume wangu alirudi mara tatu, mara ya pili baba alimfungulia mbwa.

Basi nikakunja uso, nikasema, "Hapa hatuna binti wa kutoa. Aliyemo ndani hajui hata kuchagua mchele. Njia mliyojia mnaijua, ifuateni."

Mama Wambui akanitazama. "Shosh, niseme hivyo?"

"Sema hivyo hivyo."

Akapiga yowe. Mtaa ukanyamaza. Danieli akawa mweupe kama unga wa muhogo. Mzee Roni akasimama taratibu, akashukuru kwa chai, akanipa mkono, akaondoka na mjukuu wake bila kubishana hata kidogo.

Nilifurahi! Nikamwambia Mama Wambui, "Umeona adabu hiyo? Hakuombaomba! Yule mzee mila anaijua kutushinda."

Mama Wambui alikuwa anatafuta viatu vyake.

Cabramatta, kununua vya mara ya pili

Nilihesabu watarudi Jumamosi. Neema alikuwa na zamu za mfululizo na alikuwa ananijibu kwa mkato, nikasema haya ni mambo ya mchumba, atapoa. Nikamwambia Mama Wambui anipeleke sokoni.

Akanipeleka Cabramatta. Huko mtu ukifumbua macho huwezi kujua uko nchi gani. Wauzaji wengi ni Wavietinamu, na vitu vyote vyetu vipo: mihogo, magimbi, bamia, majani ya mgomba, nazi, hata samaki wakavu ambao hakuna mbwa aliyewaketia. Kuna bibi mwenzangu alikuwa anauza mnafu pembeni. Yeye hajui Kiswahili, mimi sijui chake. Tukavutana bei kwa macho na mafungu, mara anaongeza, mara nageuka naondoka, mara ananiita. Niliporudi mara ya tatu alitabasamu akanitilia na pilipili za bure. Nikamwambia Mama Wambui, unaona? Huyu anajua. Kitu kizuri hakinunuliwi kwa kuulizwa mara moja.

Jumamosi nikapika. Pilau, mbaazi za nazi, kuku wa kukaanga, sufuria zimejaa jiko zima mpaka nyingine nikaziweka juu ya mashine ya kufulia. Nikavaa, nikakaa kwenye kiti kinachotazama mlango.

Hakuja mtu. Ndege akacheka nje.

Jioni Neema akarudi kazini, akaona sufuria. "Bibi, hivi vyote vya nani?"

"Vya wakwe zako. Wamechelewa, labda gari."

Akaketi sakafuni na sare yake ya kazini. "Bibi, hawaji. Uliwaambia hapana."

"Niliwaambia maneno ya kwanza!"

"Huku hakuna maneno ya kwanza, Bibi. Kuna maneno. Babu yake amemkataza Danieli hata kunipigia simu. Kamwambia bibi wa watu amekataa, na sisi hatuibi watoto wa watu." Akalia. "Na mimi nilisema bila wewe siolewi. Nilisema mwenyewe."

"Kwa nini hukuwaeleza mila?"

"Nilijua mimi? Nimewahi kuposwa lini?"

Nikaanza kufunika sufuria. Ndege yangu ya kurudi ilikuwa wiki hiyo inayokuja. Kuwapigia simu ningeweza, lakini mwenye binti hafuati. Bibi yangu hakufuata, mama yangu hakufuata, na mimi nikifuata mzungu ng'ambo ya dunia nikasema tafadhali mchukueni, Neema ataingia nyumba ile akiwa mtoto wa kubembelezewa. Hilo ningekufa nalo.

Pilau tuliwagawia waimbaji wa Kikongomani wa kanisa la jirani. Walifurahi sana. Walidhani ni harusi.

Uwanja wa vumbi

Mama Wambui ndiye aliyepata njia. "Shosh, kesho Mzee Roni anaendesha ile gari yake ya zamani uwanjani. Kuna maonyesho ya magari ya kale. Si twende tuangalie magari? Kuangalia gari si kufuata mtu."

Nikafikiri. Nikaona kweli, magari sijawahi kuyaposa.

Uwanja uko nje ya mji, wa mviringo, wa udongo, na vumbi lake ni kama la barabara ya kwetu kabla ya lami, nikajisikia nyumbani. Tulikaa karibu na uzio. Jirani yetu alikuwa bwana mwenye tumbo, akatupa soseji kwenye mkate na vitunguu vya kuungua, nami nikampa korosho. Huko juu ya kijumba kulikuwa na mtu anapunga vitambaa. Nikauliza yule anafukuza nini?

Bwana wa soseji akaeleza, Mama Wambui akatafsiri: ni bendera. Kijani, endesha. Njano, kuna hatari, punguza mwendo, usipite mwenzako, ngoja. Nyeusi, wewe umetolewa, ondoka uwanjani.

"Na aliyepewa nyeusi haulizi kwa nini?"

"Haulizi, Shosh. Anatoka tu. Hata kama anaongoza."

Nilikaa na hilo neno mdomoni pamoja na soseji. Yule mzee kaishi hivyo ujana wake wote. Ameona cheusi, ametoka.

Magari yakaja, ya zamani kabisa, yamebonyea, yananguruma. Mzee Roni nilimjua kwa namna alivyojikunja. Akapita mbele yangu asinione. Akapita tena. Nikamwita, lakini huyo hata ukimwita mezani hasikii. Nikasimama, nikafungua kanga niliyojitanda, kanga yangu ya njano, nikapanda kwenye benchi nikaipunga kwa mikono miwili.

Gari la kwanza likapunguza mwendo. La pili likapunguza. Yule wa kwenye kijumba akaniona, akadhani nimeona hatari ambayo yeye hajaiona, naye akapunga ya njano. Uwanja mzima ukaanza kutambaa kama mazishi. Kisha wakasimama. Injini zikazimwa moja moja, na ukimya ulioingia hapo sijausikia hata kanisani.

Gari la Mzee Roni lilikuwa limesimama mbele ya uzio wangu. Akatoa kichwa dirishani.

Nikamwambia Mama Wambui, "Muulize, nani alimpa nyeusi?"

Mama Wambui akapiga yowe. Uwanja wote ulisikia. "Anasema ni wewe!"

"Mwambie ile ilikuwa njano! Njano mtu anapunguza mwendo, anangoja! Nani alimwambia aondoke uwanjani?"

Akatafsiri. Mzee Roni akaitazama kanga yangu. Kisha akaanza kucheka, gari likatikisika, vumbi likamwagika kutoka kwenye paa. Akajaribu kutoka dirishani aje kwangu, na umri ule na tumbo lile akakwama katikati, miguu ndani, kifua nje. Danieli, aliyekuwa pembeni na mafundi, akaja mbio kumvuta. Naye mzee, akiwa ananing'inia hivyo hivyo, akapiga yowe kuniomba Neema.

"Hapana!" nikasema.

Watu wote wakaguna. Danieli akaachia mikono, babu yake akarudi ndani na kishindo.

"Shosh!" Mama Wambui akanishika bega. "Wewe na hiyo neno mnapendana nini?"

"Hapana hapa! Posa haipokelewi dirishani! Waje nyumbani kesho!"

Akaja msimamizi wa uwanja, bwana wa koti la rangi ya chungwa, akanieleza kwa upole kwamba kanga yangu niikunje niitie mkobani, na nisiitoe mpaka nitakapovuka geti. Nikamtii. Hayo ndiyo mnayoyaita kukamatwa.

Mara ya pili

Wakaja kesho yake, wamevaa suti. Sikuwa nimepika kwa mbwembwe, wali na bamia tu, maana nilishajifunza.

Mzee Roni akasema maneno yake upya, yote, kama anavyotakiwa. Ikabaki zamu yangu. Na hapo, jamani, nikashindwa. Nilimwambia anieleze tena lile gari lililovuka mstari kwa paa. Akaeleza. Nikamwambia aeleze habari ya kitanda cha mama yake. Akaeleza. Mama Wambui sauti ilikuwa imeanza kukauka. Mlango wa chumbani niliona kivuli cha miguu ya Neema chini yake, kimesimama kimya.

Mwisho nikasema, "Mwambie, huyu mtoto nilimpokea ana meno mawili. Siku mkimchoka msimtupe. Mnirudishie."

Mama Wambui akapiga yowe. Mzee Roni hakucheka. Akanyoosha mikono yake ile, yenye vidole tisa, akajibu polepole.

"Anasema yeye ni fundi, Shosh. Anasema katika maisha yake hajawahi kutupa hata bolti."

Nikasema ndiyo.

Nililisema kwa sauti ndogo, hakusikia. Akauliza nimesemaje. Nikasema ndiyo mara ya pili, Danieli akasikia akafunika uso, lakini mzee akaweka mkono sikioni, bado. Ikabidi nisimame katikati ya sebule ya Macquarie Fields, nivute pumzi, nipige yowe ambalo lilisikika hadi kituo cha treni.

Kwa hiyo nyinyi mnaopita mkisema nilimtoa mjukuu wangu kwa haraka, jueni hivi: nilikataa mara moja, maana ile ya uwanjani nilikataa mahali tu, nikakubali mara tatu, na kila mara iliniuma.